Bi Khadija Anajibu: Yohana, Hana na Hannibal wa Mzizi Mmoja

Barua nyingi zinazonifikia huanza kwa sentensi moja: "Naomba maana ya jina langu." Nazipokea kwa mikono miwili. Ila kabla hatujaanza, tuelewane. Jina lina asili, tena lina sababu. Asili ni lugha lilikotoka na njia lililopita mpaka likakufikia. Hiyo nitakusaidia kuitafuta. Sababu ni lile lililokuwa moyoni mwa aliyekuita, na hilo liko kwa wazazi wako. Halimo katika kamusi, wala halimo katika zile orodha za intaneti zinazoandika "malkia", "shujaa" na "nyota" mbele ya kila jina bila hata kutaja ni la lugha gani. Orodha hizo zinaniuma, kwa sababu mzazi huzisoma kwa nia njema, kisha anampa mtoto kitu ambacho hakipo.

Swali: Shikamoo Bi Khadija. Naitwa Hana, mume wangu ni Mwislamu, na tunatarajia mtoto wa kiume. Babu yangu aliyenilea aliitwa Yohana, nami natamani mtoto arithi jina lake. Upande wa mume wanataka Yahya, na mama mkwe amesema Yohana haliingii nyumbani kwake. Nifanyeje bila kuvunja nyumba? – *Mama kijacho*

Jibu: Marahaba mwanangu, Mungu akujalie ujifungue salama. Mnagombania jina la mtu mmoja. Yohana mwana wa Zekaria katika Injili ya Luka ndiye Yahya mwana wa Zakaria katika Sura Maryam. Hata kisa cha kupewa jina kinakaribiana. Katika Luka sura ya 1, jamaa na majirani walitaka mtoto aitwe kwa jina la baba yake. Mama akakataa. Wakamwambia hakuna mtu wa jamaa yake mwenye jina hilo, ubishi ukaendelea mpaka baba, ambaye wakati huo alikuwa bubu, akaomba kibao na kuandika kwamba jina lake ni Yohana. Katika Sura Maryam, aya ya 7, Zakaria anabashiriwa mtoto aitwaye Yahya na anaambiwa kwamba hajapata mtu kupewa jina hilo kabla yake. Kwa hiyo ukoo kubishana juu ya jina hili si jambo jipya.

Tuje kwenye asili. Kwa Kiebrania ni Yohanan. Yo ni kifupi cha jina la Mungu, na hanan ni kufadhili, kumtazama mtu kwa huruma. Mungu amefadhili. Na wewe je, Hana? Jina lako limetoka katika herufi zilezile tatu: ha ile ya kooni, nun, na nun tena. Hana mama wa Samweli na Yohana Mbatizaji ni ndugu wa neno moja. Tena jina lako limeingia katika Biblia ya Kiswahili kwa milango miwili. Mama wa Samweli amekuja moja kwa moja kutoka Kiebrania, akabaki Hana. Yule nabii mke wa Luka 2:36 amepitia Kigiriki, ambacho hakikuwa na ile ha, akawa Ana.

Yahya nalo lina njia yake. Wakristo wanaosema Kiarabu humwita mtu huyo Yuhanna, ambalo limeshika herufi za Kiebrania. Umbo la Yahya limeachana nazo, na kwa sikio la Mwarabu linasikika kama kitenzi: "anaishi". Lakini fungua Sura hiyohiyo aya ya 13, inayoeleza alichopewa Yahya na Mola wake. Neno la kwanza kutajwa ni hanan: upole na huruma itokayo kwa Mungu. Neno lililo ndani ya Yohana, na ndani ya Hana, limesimama pale pembeni ya Yahya. Mimi aya hiyo naipenda sana, na ningefurahi kama ungeisoma pamoja na mama mkwe wako.

Ngoja nikuonyeshe jina hili lilivyotembea, maana sijui jingine lililokwenda mbali kiasi hicho na kubadilika vile. Wagiriki walisema Ioannes, Walatini wakaandika Iohannes. Kutoka hapo Wafaransa wana Jean, Wahispania Juan, Waitalia Giovanni, Wareno João, Waingereza John, Warusi Ivan, Wahungaria János, Waarmenia Hovhannes, Waethiopia Yohannes. Wajerumani waliacha mwanzo wa Johannes wakabaki na Hans. Wanormani walioingia Ireland kuanzia mwaka 1169 walikwenda na Jehan lao la Kifaransa, Waairishi wakalitamka kwa ulimi wao, likawa Seán. Waweke Hans, Seán na Ivan chumba kimoja, hakuna sikio litakalokuambia kwamba wote ni wajina.

Na ukoo huu una mtu usiyemtarajia. Hannibal, jemadari wa Carthage aliyevuka milima ya Alps na tembo wake mwaka 218 KK, alisema Kipuni, lugha ya jamii moja na Kiebrania. Jina lake lina hanan ileile, ila anayetajwa mwishoni ni mungu wa watu wake: Baali amefadhili.

Ushauri wangu: mwiteni Yahya, bila kinyongo. Wewe ukimpakata unajua umemwita babu yako. Mtoto akikua mweleze waziwazi kwamba amemrithi babu wa mama yake, na mama mkwe wako ajue hivyo tangu sasa. Kitakachovunja nyumba ni kumficha, si jina.

Swali: Mimi ni Baraka, nafundisha watoto dini. Mmoja ameniuliza kama Barack Obama, Baraka wa kitabu cha Waamuzi na mimi ni wajina. Nilijibu ndiyo, lakini sina hakika. – *Mwalimu Baraka*

Jibu: Mwalimu, wewe na Obama ni wajina. Baraka wa Waamuzi si mwenzenu, na mtoto aliyeuliza anastahili kuambiwa vizuri.

Obama alirithi jina la baba yake, na hilo limetoka katika Kiarabu, mzizi wa b-r-k, kufu moja na Mbaraka, Mabruki na Mubarak. Kiebrania kina mzizi huo pia, na anayeubeba katika Biblia ni Baruku, mwandishi wa nabii Yeremia. Jina lake ni "aliyebarikiwa".

Sasa fungua Waamuzi sura ya 4. Yule mwana wa Abinoamu aliyekwenda vitani pamoja na Debora anaitwa kwa Kiebrania Barak, na herufi ya mwisho si kaf, ni qof, ile k inayotokea nyuma kabisa ya ulimi. Neno hilo ni umeme wa radi. Kiarabu nacho kinalo: barq, umeme. Buraq, mnyama wa safari ya Isra na Miraji, ametajwa kwa mzizi huo, na Waturuki wamelifanya jina la watoto wao wa kiume, Burak. Kiswahili hakitofautishi k hizo mbili, na kinapenda neno liishie na irabu. Ndiyo maana katika Biblia yetu Barak wa radi ameandikwa Baraka, sawasawa na wewe. Mwambie mtoto: yule ni Radi, mimi ni Baraka.

Kuna jambo jingine utakalolipenda. Majina hayapiti kwa sauti tu, mengine hutafsiriwa. Mwanafalsafa Spinoza alizaliwa Amsterdam mwaka 1632 katika familia ya Wayahudi wenye asili ya Ureno. Kwa Kiebrania aliitwa Baruch, kwa Kireno Bento, na alipojitenga na jamii yake akatumia Kilatini, Benedictus. Yote matatu ni "aliyebarikiwa". Mtu mmoja, lugha tatu, maana haikusogea hata kidogo. Mozart naye alibatizwa mwaka 1756 kwa majina mengi ya Kilatini, na la mwisho lilikuwa Theophilus, jina la Kigiriki lililotajwa pia mwanzoni mwa Injili ya Luka. Baba yake aliliandika kwa Kijerumani, Gottlieb. Mwenyewe alipendelea Amadé, na dunia inamjua kwa umbo la Kilatini, Amadeus. Ukiyafungua yote unakuta kitu kimoja: kupendana na Mungu.

Swali: Naitwa Khamis, lakini mama anasema nilizaliwa Jumatatu asubuhi. Je, jina hili ni langu kweli? Na kwa nini Khamis iwe "ya tano" wakati siku yenye tano ni Jumatano?

Jibu: Kaka Khamis, nianze na la pili, maana wachache hulitambua. Wiki yetu ya Kiswahili ina tano mbili zinazofuatana. Waarabu huanza kuhesabu siku ya Jumapili, ambayo huiita ya kwanza, al-ahad. Ukienda hivyo, siku ya tano ni al-khamis. Waswahili huanza siku inayofuata Ijumaa: Jumamosi ni mosi, Jumapili ni pili, mpaka Jumatano, ya tano. Baada ya hapo Alhamisi na Ijumaa zimebaki na majina ya Kiarabu. Tano yetu imekaa mlango mmoja na tano yao.

Kuhusu kuzaliwa Jumatatu, inategemea desturi ya lugha. Kwa Waakan wa Ghana siku ndiyo inayotoa jina, kwa hiyo halikosei: wa kiume wa Ijumaa ni Kofi, wa Jumamosi ni Kwame, wa kike ni Afua na Ama. Kofi Annan, aliyekuwa Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa, alizaliwa tarehe 8 Aprili 1938. Tafuta kalenda ya mwaka huo, utaona ni Ijumaa. Jina lake la pili, Atta, ni la pacha, na kweli alikuwa na dada pacha. Kwa watu wa namna hiyo jina ni kama hati ya kuzaliwa.

Kwa Kiswahili mambo ni mengine. Juma, Mwajuma, Khamis, Rajabu, Shabani, Ramadhani, yote yalianza kwa siku au mwezi wa kuzaliwa, kisha yakaanza kurithiwa. Khamis wa kwanza katika ukoo wenu huenda alizaliwa Alhamisi. Waliofuata waliitwa kwa ajili yake. Wagiriki wamepita njia hiyohiyo: Paraskevi ni Ijumaa, na ni jina la kike, wapo wengi walioitwa hivyo kwa heshima ya mtakatifu wa jina hilo, siku yoyote waliyozaliwa.

Mimi mwenyewe ni mfano. Khadija, ukilichimba, limetokana na neno la Kiarabu la kuzaliwa kabla ya wakati, yule tunayemwita mtoto njiti. Mimi nilitimiza miezi yangu yote tisa. Nimeitwa kwa bibi yangu mzaa baba, naye aliitwa kwa heshima ya mke wa kwanza wa Mtume. Hakuna hata mmoja wao aliyekuwa akiwaza habari za njiti. Kwa hiyo jina ni lako, kaka. Muulize mama ulirithi kwa nani.

Swali: Shikamoo Bi Khadija. Mimi ni Tabu. Mama alinizaa baada ya kuzika watoto wawili. Nimevuka miaka arobaini nikiitwa hivi, na sijaona vibaya mpaka juzi, kiongozi mmoja wa dini aliponiambia kwamba jina hili ndilo linaloniletea mikosi na nilibadilishe haraka. Tangu hapo sina amani.

Jibu: Marahaba, Tabu. Sikubaliani na aliyekuambia hivyo, na nitakueleza kwa nini kwa kirefu, maana najua wako kina Shida, kina Mashaka na kina Majuto walioambiwa vilevile.

Tabu limetoka Kiarabu, taabu, uchovu na mahangaiko. Swali ni uchovu wa nani. Mama yako alikuwa amezika watoto wawili, akabeba mimba ya tatu kwa hofu, akajifungua. Alipokuita Tabu alikuwa anasema yaliyompata yeye. Hukubandikwa balaa, dada yangu. Ulipewa kumbukumbu ya yale aliyoyavumilia mpaka ukafika.

Na mama yako hakuwa peke yake duniani. Wamongolia waliopoteza watoto wamekuwa wakimwita anayefuata Nergüi, yaani "hana jina", au Enebish, "si huyu", ili kinachochukua watoto kipite bila kumtambua. Waturuki wana Dursun, "na abaki", na Yaşar, "anaishi". Wayoruba wana majina kamili ya kumbembeleza mtoto asirudi alikotoka: Malomo, "usiende tena", na Durojaiye, "kaa ufaidi maisha". Sikiliza Durojaiye hilo vizuri. Ni mzazi anamwomba mtoto mchanga. Mtu anayeyaita majina haya laana hajawahi kuyasikia kwa masikio ya mama aliyefiwa.

Sisemi kwamba hakuna jina baya. Lipo. Katika jimbo la Maharashtra nchini India kuna wasichana walioitwa Nakusa au Nakoshi, "asiyetakiwa", kwa sababu wazazi walikuwa wakingoja mtoto wa kiume. Mwaka 2011, wilayani Satara, zaidi ya wasichana 200 walipewa majina mapya katika sherehe ya hadhara. Hao nawaunga mkono kwa moyo wote. Jina lao lilikuwa linawaambia wenyewe, kila yalipoitwa mahudhurio darasani, kwamba hawakuhitajika. La kwako halisemi hivyo; linasema ulihitajika mno.

Kwa kuwa umeelezwa kwa lugha ya dini, nikujibu kwa dini pia. Raheli alipokuwa anakata roho kwa uzazi alimwita mwanawe Benoni, mwana wa huzuni yangu. Yakobo akamwita Benyamini, mwana wa mkono wa kuume. Iko katika Mwanzo 35:18. Hapo jina limebadilishwa. Lakini soma 1 Mambo ya Nyakati 4:9-10, habari za Yabesi. Mama yake naye alimwita hivyo kwa sababu alimzaa kwa huzuni, na hakuna aliyelibadilisha. Akawa mwenye heshima kuliko ndugu zake, akaomba, na Mungu akampa alichoomba, akiwa na jina lilelile.

Upande wa Uislamu, imepokewa katika Sahih Muslim kwamba Mtume alimbadilishia jina binti wa Umar aliyeitwa Asiya, "muasi", akamwita Jamila. Na katika Sahih Bukhari yupo mtu aliyeitwa Hazn, "ugumu", Mtume akapendekeza awe Sahl, "wepesi". Yule mtu akasema hawezi kubadili jina alilopewa na baba yake, na hakulazimishwa, ingawa mjukuu wake alikuja kusema kwamba ugumu uliendelea kuwamo katika ukoo wao. Nakuwekea zote mbili mezani, kwa sababu sitaki nikufiche upande wowote.

(Kina Asia mnaonisoma, msishtuke. Yule muasi ameandikwa kwa Kiarabu kwa ayn na sad. Asia mke wa Firauni, mwanamke mwema, ameandikwa kwa herufi nyingine kabisa. Ni hati yetu ya Kiswahili iliyowafanya wafanane, na ninyi mmeitwa kwa huyo wa pili.)

Tabu, kama jina linakuchoma wewe mwenyewe, libadilishe, ni haki yako. Lakini usilibadilishe kwa kuogopeshwa. Na kama mama yu hai, kabla ya lolote keti naye akusimulie habari za wale wawili. Sidhani kama kuna mtu aliyewahi kumuuliza.

Swali: Jesika ni jina la Biblia? Padri wetu amelitafuta hakuliona.

Jibu: Padri yuko sahihi. Jessica linaonekana kwa mara ya kwanza katika tamthilia ya Shakespeare iliyochapishwa mwaka 1600, ile ambayo Mwalimu Nyerere aliitafsiri kwa jina la Mabepari wa Venisi. Ni binti wa Shylock. Wengi hudhani Shakespeare alilitoa kwa Iska, anayetajwa mara moja tu katika Mwanzo 11:29, na inawezekana. Vanessa nalo lilitungwa, na hilo tunajua jinsi lilivyotungwa: mwandishi Jonathan Swift alichukua Van kutoka ubini wa rafiki yake, Vanhomrigh, akaliunga na kifupi cha jina lake la kwanza, Esther. Jina la kutungwa si pungufu. Kila jina lilitungwa na mtu. Haya tumebahatika kumjua mtungaji.

Swali: Nimesoma kwamba Getruda ni "mkuki wenye nguvu". Mimi ni muuguzi, mtu mpole, sijawahi kugombana na jirani. Jina hili limenikosea?

Jibu: Dada Getruda, vipande ulivyosoma ni vya kweli: ger ni mkuki, na thrud ni nguvu, katika lugha za kale za Kijerumani. Kosa ni kuviunganisha kuwa sentensi. Watu wale walikuwa na hazina ya maneno ya heshima, kama vita, amani, mbwa mwitu, jiwe, ushindi na zawadi, wakawa wanaokota mawili na kuyaunga, mara nyingi moja la upande wa baba na moja la upande wa mama.

Tazama familia moja ya Uingereza ya kale. Baba ni Æthelstan, "utukufu" na "jiwe". Mama ni Wulfgifu, "mbwa mwitu" na "zawadi". Mtoto wakamwita Wulfstan. Ukitafsiri utapata "jiwe la mbwa mwitu", na utahangaika bure kutafuta maana yake. Maana ni kwamba mtoto ni wa wote wawili: kichwa cha mama, mkia wa baba. Huyo ndiye mtakatifu Wulfstan, askofu wa Worcester, aliyefariki mwaka 1095. Hildegund ni hivyohivyo: hild ni vita, na gund ni vita tena. Hakuna mzazi aliyekusudia kusema "vitavita".

Baada ya hapo jina likishikwa na mtu mwema, huchukua sura yake. Gertrude wa Nivelles alikuwa mkuu wa watawa wa kike katika karne ya 7, na Gertrude wa Helfta, wa karne ya 13, anakumbukwa kwa maandishi yake ya sala. Waliokubatiza walikuwa wanawatazama hao. Mkuki ulikuwa umeshasahaulika zamani sana.

Swali: Binti yangu Naomi, niliyemwita kutoka kitabu cha Ruthu, amerudi shuleni akisema jina lake ni la Kijapani. Nani mkweli?

Jibu: Nyote wawili, ingawa majina hayo hayana undugu wowote. Naomi wa Ruthu ni Kiebrania, "mwenye kupendeza", na ndiyo maana katika Ruthu 1:20, baada ya kufiwa na mume na wana, anawaambia wanawake wa Bethlehemu wasimwite tena Naomi bali Mara, "uchungu". Bila kujua maana ya jina lake, aya ile haisomeki vizuri.

Naomi wa Kijapani ni sauti iliyofanana tu. Na kwa Kijapani sauti peke yake haitoshi kukupa maana. Unatazama herufi alizochagua mzazi. Naomi huweza kuandikwa kwa herufi ya unyoofu na herufi ya uzuri, na mzazi mwingine akachagua nyingine. Yuki anaweza kuwa theluji, anaweza kuwa heri. Hana, jina la mama kijacho wetu wa mwanzo, kwa Kijapani ni ua. Kwa hiyo ukiona orodha imeandika "kwa Kijapani jina hili ni kadhaa" bila kuonyesha herufi, iache. Naomi wako ni wa Ruthu, kwa sababu wewe ulimtoa huko. Ila mwache ajifunze na hilo la Kijapani, linamfaa pia.

Swali: Mtoto tumemwandikisha Abdul. Shemeji anasema jina halijakamilika. Kweli?

Jibu: Kweli. Abd ni mja, na ul ni kiungo kinachongoja neno lifuatalo: Abdulrahman, mja wa Mwingi wa Rehema, Abdulaziz, mja wa Mwenye Nguvu. Ukiishia Abdul umesema "mja wa" ukanyamaza. Wazo lenyewe limeenea: Waebrania wana Obadia, Waethiopia wana Gebre, kama katika Gebrselassie, mja wa Utatu, na Wajerumani wa kale walikuwa na Gottschalk, mtumishi wa Mungu. Wote hao wanamtaja bwana wao. Chagueni katika majina mazuri ya Mwenyezi Mungu moja linalowagusa, kisha mrekebishe cheti mapema, kabla mtoto hajaanza shule na jina halijaingia katika karatasi nyingi. Nyumbani mwiteni Abdu au Dula, hakuna neno.